Jukwaa au Kamera? Sichagui!

Mpendwa mshauri, naomba unisaidie kabla sijamvunjia heshima mtu aliyenilea kikazi. Mimi ni muongozaji wa michezo ya kuigiza, jukwaani ndiko nilikokulia, na mwaka huu nikaongoza filamu yangu ya kwanza, basi mtayarishaji akalalamika kwamba waigizaji wangu wanapayuka kama wanaita mbuzi, nikawafundisha kunong'ona na kulia kwa macho tu, filamu ikatoka nzuri, nikarudi kwenye kikundi chetu nimevimba kichwa, nikauingiza mnong'ono uleule kwenye mchezo wa jukwaani, ikawa siku ya onyesho mama anamuaga mwanawe kwa sauti ya chini, mgongo kawapa watazamaji, mimi niko mstari wa mbele machozi yananitoka, mara huko nyuma: "Semeni bwana, hatusikii!" Mwingine akauliza kama mama ana mafua. Ukumbi mzima ukaangua kicheko.

Sasa mwenyekiti wetu, ninayemwita Mama kwa kuwa ndiye aliyenifundisha kazi, anataka Jumamosi niape mbele ya wenzangu kwamba nimeachana na kamera, la sivyo mchezo wangu mpya anapewa mwingine auongoze. Mume wangu naye, "Mshika mbili moja humponyoka, kubali yaishe." Mchezo huo nimeuandika mimi, nikinyang'anywa nitaumia sana, lakini kuapa siapi! Je, nina kiburi?

Jibu

Unacho, tena kinakufaa. Usiape. Kazi halali haiapiwi kuachwa.

Ila usinililie kama mtu aliyeonewa. Kamera haikuua onyesho, uliliua wewe. Mstari wa mbele hata anayemeza mate anasikika! Aliyekaa nyuma naye ana masikio, dada. Ukawaacha waigizaji wako wachekwe, na katika barua yako yote nimetafuta neno "samahani" sikuliona.

Kwa hiyo kabla ya Jumamosi waombe radhi, kisha nenda kwa Mama. Mwambie ulikosea, halafu nyamaza. Muombe aje mazoezini, mketi wote wawili benchi la mwisho, na mama wa mchezoni amuage mwanawe taratibu lakini asikike hadi mlangoni. Mumeo mwambie mikono unayo miwili.

Mama akishikilia kiapo, simama mbele ya wote useme, "Siapi." Mchezo umeuandika wewe, ondoka nao, hata kama utauigiza kwenye darasa tupu. Atakasirika, mwache akasirike. Aliyekufundisha kusimama mbele ya watu asishangae ukisimama.