Kilima cha Nyamirambo na Mkono Wangu wa Kulia

Mpendwa Shangazi Veneranda,

Kwa heshima na taadhima naomba kuutangazia umma wa Kigali, Huye na viunga vyake vyote kwamba Jumamosi, tarehe tisa mwezi huu, saa nne na robo asubuhi, mtu mzima wa miaka hamsini na minne, mwenye magoti mawili mabovu na kitambi kimoja kizima, alipanda kwa baiskeli kutoka Kimisagara hadi Nyamirambo bila kushuka, bila kupumzika na bila kutoa jasho. Mtu huyo ni mimi. Habari hiyo imekwisha kufika Huye, imepokelewa kwa shangwe, na ndiyo inayoninyima raha, nisaidie.

Mimi, Shangazi, kazi yangu ni kuwatembeza watu mjini kwa baiskeli. Zamani nilibeba abiria pale Nyabugogo, kwenye stendi ya mabasi, miaka kumi na tisa, mama nyuma na gunia lake la maharage na kuku wake juu ya gunia, hadi siku moja binti yangu Odile akaniambia, "Baba, mji huu umeujua kwa miguu, sasa ujue kuusema," nikanunua kofia ngumu kumi na baiskeli za gia, nikaanza kuwapitisha wageni vichochoroni, kwa mafundi cherehani, kwa vinyozi, kwenye maduka ya maziwa, nikieleza hiki na kile, na nisichokijua nakieleza vilevile, maana mdomo sikunyimwa. Nyuma ya msafara huwa yupo Imakulata, fundi wangu, mwanamke wa makamo anayeziba pancha akiwa amesimama na kusema maneno kumi kwa siku.

Kila Jumamosi asubuhi kabla ya kuondoka nawapanga wageni mstari nawasomea kanuni tatu: kofia kichwani, macho mbele, na ya tatu, ambayo nawaapisha mikono ya kulia ikiwa juu kama mahakamani, kwamba hakuna kushika lori mlimani, kwa sababu huo ndio ugonjwa wetu sisi tuliobeba abiria, lori likipita taratibu mkono unawasha, na ninao wenzangu ambao leo hawawezi kutafuna hindi la kuchoma kwa ajili ya ugonjwa huo.

Sasa Odile anaolewa. Kijana ni wa Huye, na Jumamosi ya tarehe ishirini na tatu wakwe wanakuja rasmi kumwomba na kuleta ng'ombe. Baba wa kijana anaitwa Callixte, mwalimu mstaafu wa jiografia, mrefu, mpole, mwenye kijidaftari mfukoni. Alipokuja Kigali kupanga mambo akaniambia, "Bamwana," ndivyo tunavyoitana sisi wazazi wa maharusi, "mimi katika mji huu najua stendi ya mabasi na hospitali tu. Nizungushe." Akaja na mkewe Perpetua na walimu wanne wastaafu, nikawaapisha, tukaondoka, na Mungu shahidi tulianza vizuri, ila bamwana anauliza maswali.

"Kile kilima kina mita ngapi kutoka usawa wa bahari?"

"Elfu mbili na ushee."

"Ushee kiasi gani?"

"Ushee wa kutosha, bamwana."

Akaandika. Tulipofika Nyabugogo nikawaonyesha mahali nilipokuwa nangojea abiria, na nilikuwa katikati ya maelezo mazito kabisa pale mama mmoja muuza parachichi, ambaye nimemjua tangu ana meno yote, aliponipigia kelele mbele za wakwe: "We mzee! Bado unaendesha? Nilidhani wamekuuza kwa chuma chakavu pamoja na baiskeli yako!" Walimu wakacheka, Perpetua akacheka, bamwana akaandika, na mimi, Shangazi, damu ikanipanda nikasema kwa sauti ya kusikika hadi kwenye mabasi kwamba kilima cha Nyamirambo sijawahi kushuka kwenye baiskeli tangu nizaliwe na leo wataona.

Lakini wageni huwa siwapandishi barabara kubwa, magari ni mengi, huwapitisha kichochoroni na Imakulata wakisukuma baiskeli, nami hupita barabarani tukutane juu. Basi tukaachana. Nikapiga pedali kama kijana, nikafika nusu ya mlima, mnyororo ukachomoka, na kabla sijainama kuutazama Fuso la viazi likapita ubavuni mwangu, na mkono wa kulia, sikuutuma, Shangazi, uliondoka wenyewe.

Wao walifika baada ya dakika ishirini wakihema kama mivukuto. Walinikuta nimeketi nje ya duka la maziwa, bilauri ya mtindi mkononi, mguu juu ya mguu. Bamwana akanishika mgongo. "Jamani, shati kavu!" Walimu wakaja mmoja mmoja kulipapasa. Perpetua akaniuliza kama mkono haukuchoka. Nikamuuliza mkono upi. "Wa kushikia usukani," akasema, akacheka hadi mtindi ukammwagikia. Kisha bamwana akasimama akatangaza kwamba mwezi mzima alikuwa akitafuta jina la ng'ombe atakayeniletea na sasa amelipata, ataitwa Mpandakilima, na msifu ng'ombe ataimba siku hiyo mbele ya watu mia tatu jinsi baba wa bibi harusi alivyoushinda mlima.

Nawe unajua, Shangazi, ng'ombe kwetu si nyama. Mtu akitaka kuaminiwa huapa kwa aliyempa ng'ombe. Kuanzia tarehe ishirini na tatu, kila nitakapotaka kusema kweli nitasema "kwa Callixte aliyenipa ng'ombe," nami nitakuwa naapa kwa jina la mtu niliyemdanganya ili kumpata ng'ombe huyohuyo. Mke wangu Donatila anasema, "Nyamaza, harusi ipite, utamwambia mkiwa vikongwe." Imakulata nilimuuliza, akasema, "Mimi sijasema kitu." Nikinyamaza, nitakunywa maziwa ya uongo maisha yangu yote. Nikisema, hao ni walimu, watu wa heshima, wataona wanaoa kwenye nyumba ya laghai, na Odile wangu atalipia mdomo wangu. Nifanyeje?

Mimi,
Mpanda Milima, Nyamirambo

*

Mpanda Milima,

Pole kwa magoti. Pole yangu inaishia hapo.

Nakujibu kwa ujumbe wa simu leo hii kwa sababu ng'ombe wako hatasubiri gazeti. Wasomaji watayasoma haya baadaye. Barua yako nimeisoma mara mbili. Mara ya kwanza nilicheka. Mara ya pili nikafika kwenye mnyororo. Mzee mzima, mimi pia nimepanda baiskeli. Mnyororo ukichomoka mlimani baiskeli inasimama, na mtu aliyesimama hashiki lori linalokwenda, labda awe na mkono wa mita kumi. Kwa hiyo umemdanganya bamwana wako, kisha ukakaa chini, ukanunua karatasi, ukamdanganya na mshauri uliyemwomba akutoe kwenye uongo. Huo si mkono, ndugu yangu. Mikono huwa haijui kuandika barua ndefu hivyo.

Naona unaogopa kitu, wala si walimu. Yule muuza parachichi alikuchoma kwa sababu alisema jambo ambalo wewe mwenyewe hulisema ukiwa peke yako. Umebeba nusu ya mji huu mgongoni. Sasa mji unakupita, na hutaki wageni waone. Hilo nalielewa, mimi mwenyewe hupanda ngazi za ofisi hii nikijifanya natazama picha ukutani kwenye kila ghorofa. Lakini mimi sipewi ng'ombe kwa ngazi zangu.

Donatila anakupenda, usimfuate. Uongo wa mkwe hauozi ukaisha, unachacha. Na Odile hataumia kwa baba mwenye magoti mabovu. Ataumia siku mumewe atakapoambiwa habari hii na mtu mwingine kilabuni.

Fanya hivi. Usimtume mjumbe wala usipige simu. Panda basi uende Huye kabla ya Jumamosi. Useme kabla hujanywa chochote cha nyumba yake, maana nakuona, ukishanywa utaanza hadithi. Usimtaje mama wa parachichi. Usimtaje mungu wa minyororo. Sema ulichofanya, kisha funga mdomo huo usionyimwa, umwache bamwana aseme lake. Akikasirika, kubali; ni haki yake. Ukirudi, niandikie ilivyokuwa hasa, na chini utie jina ulilopewa na baba yako.

Shangazi Veneranda

*

Shangazi,

Ilivyokuwa hasa ni hivi.

Mnyororo haukuchomoka. Ulikuwa mzima, Imakulata aliupaka mafuta asubuhi ile. Na mkono niliutuma. Niliutuma tangu saa moja, nikinywa uji, nilipotazama saa nikahesabu kama tutafika Kimisagara kwa wakati. Fuso lile la viazi hupita pale kila Jumamosi saa nne na dakika kumi. Dereva wake hupunguza mwendo akiniona. Nimelishika miaka miwili sasa, tangu goti la kushoto lilipoanza kulia kama mlango, na kile kichochoro niliwatafutia wageni makusudi, si kwa sababu ya magari. Nilihofu wageni wakimwona kiongozi anasukuma baiskeli watauliza kwa nini wamfuate.

Alhamisi nikapanda basi. Callixte alinipokea mlangoni, Perpetua akaleta chai, nikakataa chai, jambo ambalo kwa baba wa bibi harusi ni karibu na kutangaza vita. Nikasema yote nikiwa nimesimama. Nikafunga mdomo. Ilikuwa kazi ngumu kuliko kile kilima.

Bamwana akatia mkono mfukoni. Akatoa kijidaftari, akalowesha kidole, akafunua, akavaa miwani, akasoma kama anayeita mahudhurio: "Saa nne na dakika kumi na mbili. Bamwana ameshika Fuso. Mkono wa kulia. Mwendo mzuri."

Nikatafuta kiti.

"Kichochoro chako," akasema, "umewahi kukipita?"

Sikuwahi. Miaka miwili nawapitisha watu mahali ambapo mimi mwenyewe sijakanyaga. Kumbe katikati, pale nyuma ya kinyozi, ukuta umekwisha na barabara yote iko chini yako kama ramani. Walisimama pale kupumzika, wote sita. Kila kundi husimama pale kupumzika. Imakulata huwaonyesha kwa kidole: "Yule pale ndiye kiongozi wetu." Nilipomuuliza baadaye kwa nini hakuniambia, alitumia maneno yake yote ya siku ile: "Niliona unapenda iwe siri yako. Wageni pia walipenda. Basi nikawaachia."

"Mimi nilikupungia mkono," Perpetua akasema. "Hukujibu."

"Angejibu kwa mkono upi?" Callixte akamwambia. "Mmoja kwenye lori, mwingine kwenye usukani!"

Nikamuuliza kwa nini basi aliniacha siku kumi na mbili nikaangike kwa mafuta yangu mwenyewe, na habari ya Mpandakilima ilikuwa ya nini. Akavua miwani. "Nimefundisha miaka thelathini na minne, bamwana. Mtoto aliyeibia mtihani humuulizi. Unamsifu mbele ya darasa, kisha unamsubiri. Wa kweli hulala vibaya. Nilitaka kujua nampa ng'ombe mtu wa namna gani."

"Na nisingekuja?"

"Ng'ombe ungepewa," akasema, bila kucheka safari hii. "Odile hana kosa. Ila ungepewa ng'ombe tu."

Hapo, Shangazi, nilielewa nilichokaribia kukipoteza, nikaomba chai.

Jumamosi walikuja. Wasemaji walitupiana maneno ilivyo desturi, bibi harusi akaombwa, akanyimwa, akaombwa tena, akatolewa. Ng'ombe akasifiwa: mweupe, pembe kama mwezi, apandaye kilima kwa kwato zake nne bila kushika mkia wa mwingine. Upande wa Huye waliangua kicheko hadi msemaji wao akakaa chini. Upande wetu nao ulicheka kwa adabu, bila kujua unacheka nini. Sasa wakisoma gazeti watajua. Donatila amekwisha kujua na bado hajaacha kupapasa mashati yangu yanayoanikwa.

Jumamosi iliyofuata ilikuwa ya kazi za jamii, hatukutembeza mtu. Iliyofuata hiyo nilikuwa na wageni watano. Niliwasomea kanuni tatu, ya tatu nikaiapa pamoja nao. Kimisagara nikashuka kwenye baiskeli, nikaingia kichochoroni nikisukuma, Imakulata akitutangulia. Nyuma ya kinyozi tukasimama pale ukuta ulipokwisha. Ni mahali pazuri kuliko pote ninapowapeleka watu, mabati yote yanawaka, barabara inajipinda mlimani, na sikuwahi kupaona. Fuso la viazi likapita chini. Dereva akapunguza mwendo, akachungulia dirishani, akanitafuta barabarani. Nikampungia kwa mkono wa kulia. Hakuniona, alikuwa anatazama nyuma.

Nilifika dukani wa mwisho, shati limelowa mgongo mzima, na mama mwenye duka la maziwa akaniuliza kama mvua inanyesha Kimisagara.

Kwa Callixte aliyenipa ng'ombe, ndivyo ilivyokuwa. Njiani nilipumzika mara mbili.

Mara nne.

Anastase Sebahire,
Nyamirambo