Bibi Rakeli Amekufunikia Vioo

Nabirye mwenzangu,

Bibi Rakeli amekufunikia vioo. Nimeambiwa jana kwa simu. Wazee wa sinagogi yao kule Mbale walimwambia halazimiki, wewe ulikuwa Mkristo na si damu yake, lakini akachukua mashuka na leso akafunika kila kioo nyumbani, akakaa chini wiki nzima kukuomboleza, kama Wayahudi wanavyomwomboleza mtoto wa kuzaa. Nilipaswa kufurahi. Nimeona wivu, Nabirye. Mimi nani atanifunikia hata kioo cha pikipiki?

Tangu tukusafirishe kutoka Doha kwenda kuzikwa kwenu, umekuwa mkubwa kuliko ulivyokuwa hai. Pale studio, Al Sadd, picha yako iko mapokezi. Watu uliowapigia video ya harusi mara moja tu wanakuita rafiki yao wa karibu. Na bosi ameamua kwamba filamu yetu ya Wayahudi wa Mbale itatoka kwa jina lako peke yako, "filamu ya mwisho ya Nabirye". Mimi nimalizie kuihariri tu. Jina langu litapita mwishoni kabisa, pamoja na madereva.

Filamu hii ni yetu ya tatu, mwenzangu. Likizo zetu zote ziliishia humo. Wenzetu walikwenda nyumbani kujenga, sisi tukapanda vilima kuwauliza watu walivyoishika dini yao Amin alipoipiga marufuku. Wewe uliuliza, mimi nikashika kamera. Bibi Rakeli alikueleza baba yake alivyosali kwa kujificha migombani, mkalia, mkacheka, yote kwa Kiganda, na mimi Mkamba nimekodoa macho nikingoja tafsiri. Ukanitupia kijisentensi: "Anasema walivumilia." Maneno yote yale, Nabirye! Walivumilia tu?

Unakumbuka ile Ijumaa? Jua lilizama taa yetu ya kupigia picha ikiwa bado inawaka sebuleni. Tukajua Sabato imeingia, taa haiguswi. Tukalala na mwanga ule, tumejifunika nyuso kwa mitandio. Asubuhi Bibi akashangaa: "Mbona hamkuizima? Sabato ni yangu, si yenu." Ulicheka hadi ukakaa chini. Hiyo angalau ulinitafsiria yote.

Sasa kuihariri lazima nielewe kila neno. Nikamwomba Isabirye, yule Msoga mwenzako anayelinda lile jengo la West Bay, aje kwangu Fereej Bin Mahmoud siku yake ya mapumziko. Nikampikia muthokoi, mahindi yetu ya kukoboa na maharage. Akasikiliza, mara akanishika mkono. "Nyabo," yaani bibie, "simamisha. Hapa wanakusema wewe."

Bibi alikuwa amekuuliza mbona mwenzako haongei. Ukamjibu: "Huyo ndiye anayeona. Mimi nina mdomo tu. Filamu hizi ni zake."

Nililia. Kisha nikakasirika, tena sana. Umwambie Bibi wa Mbale, na mimi niliyesimama nyuma yako usiniambie? Miaka yote hiyo nikikuonea gere kimyakimya, na neno moja tu lingenitosha! Isabirye akasema, "Khalas, nyabo, yaishe, amekufa huyo, msamehe." Nikamwambia ale chakula kabla hakijapoa.

Sijakusamehe. Labda mwakani.

Nilimwonyesha bosi kipande hicho. Akasema nikikate, ni maongezi ya wapiga picha, mtazamaji hayamhusu. Nikamwambia sikati. Amenuna, na huenda nikapoteza kazi, na visa yangu iko mikononi mwake. Naogopa, sikufichi. Lakini nimechoka kuwa macho yasiyo na mwenyewe.

Kwa hiyo sikia ahadi yangu. Filamu itatoka, na kipande hicho kitakuwamo, na tafsiri yake nzima chini, si kijisentensi. Jina lako litatangulia, maana wafu hupewa heshima yao. Langu litakuwa chini yake, Mwende, kwa herufi za ukubwa uleule.

Pumzika, mwenzangu. Wala usinune.