Kamba Niliyoikata, Mjomba

Mjomba,

Shikamoo. Najua huitikii, lakini ulinifunza kumuamkia hata mtu aliyeninunia, sembuse wewe uliyelala kaburini.

Habari ya kwanza, nimenunua sofa. Hapa mtaani Bofu hakuna mfano wake. Nimebeba magunia Miritini mpaka shingo ikaingia mabegani, lakini limekuja, jekundu, na nailoni yake sijaivua.

Habari ya pili naiandika taratibu. Siku ya kulileta, mkokoteni haukuwa na kamba. Nikakiendea kile kitanda chako cha barazani, nikaikata ile kamba ya makumbi uliyoiwamba kwa mikono yako, nikafungia sofa. Nilijiambia, kitu cha kizee hiki. Mbao nikazitupa uani, kuku wakapata pa kulala.

Wenzako wa alasiri, wale mliokuwa mkipiga soga nao kitandani pale, walikuja mara moja tu. Niliwakaribisha ndani, nikawaambia wasiegemee na jasho. Bi Mwanasha wa mahamri akaiangalia ile nailoni, akaniuliza, "Hili ni la kukaliwa au la kutolea mahari?" Wakacheka, wakaenda zao. Hawajarudi. Alasiri nakaa peke yangu, nailoni yanigandia mapajani, na hakuna hata wa kuniita mjinga. Wallahi nimelikosa hilo neno.

Juzi nikazitoa zile mbao, nikaziosha mavi ya kuku, nikanunua kamba mpya. Wanijua mimi fundi. Hata shule niliiacha darasa la sita kwa kuwa mwalimu alikuwa akinichelewesha. Nikawamba mchana kutwa. Nikakipiga kofi kama ulivyokuwa ukikipiga wewe, kusikia kama kimekaza na kulia kama ngoma. Hakikulia. Katikati kimelegea kama tumbo la paka aliyezaa.

Ndipo nikakumbuka. Kila ulipowamba, mimi nilikuwa upande wa pili, navuta, nawe wanikemea: "Vuta, we mtoto, usishike kama waonja mchuzi." Mimi nikidhani wanitafutia kazi tu, nisizurure. Kumbe kitanda hakiwambiki na mtu mmoja. Nililala juu yake vivyo hivyo, mjomba, nimezama katikati, na sikulia. Sana.

Ijumaa nikitoka msikitini nitamwendea Bi Mwanasha, nimwombe ashike upande wangu, mimi nikae wako. Atanicheka kwanza. Nitamwacha amalize. Kitanda kitarudi barazani pale pale, na sofa nalo nitalivua nailoni, anayetaka na aje na jasho lake.

Pumzika, mjomba. Ukisikia kofi moja kubwa kutoka Bofu, ujue kimelia.