Cheti Kilichokwama Darajani

Shoga, nina hasira kweli! Dada yangu, yule muuguzi, kanyimwa kazi leo.

Chuo chake kinahifadhi vyeti kwenye blokcheni moja, yaani daftari la mtandaoni lisilofutika, hospitali alikoomba kazi inasoma nyingine. Eti zimeunganishwa! Daraja la kupitisha taarifa kati yazo limekwama tangu juzi, cheti hakionekani.

Akawapa cha karatasi. Wakakataa!!

Sasa sikia. Kwenye jopo la usaili alikuwepo mwalimu wake wa chuo, aliyekitia sahihi hicho cheti. Anamwambia, "Mimi nakujua, mwanangu, ila mfumo haukujui."

Haukujui! Na sahihi yake iko mezani!

Dada akasimama. "Basi mwalimu, wagonjwa wakizidiwa, uuite mfumo uwachome sindano." Akatoka.

Saa kumi wakampigia. Cheti kimeonekana, ni halali kabisa. Ila nafasi wameshampa mtu.