Kidole Tumbo Kipo, na Fomu Imerudishwa

Mshauri mpendwa, nimechoka, naomba msaada wako kabla ya Ijumaa kama inawezekana.

Mimi ni karani wa bili hospitalini, kazi yangu ni kusoma ripoti ya daktari na kuigeuza kuwa namba ili bima ilipe, kila ugonjwa una namba yake na kila upasuaji una yake, mwaka wa kumi na moja huu na macho yameshaanza kunigomea. Wiki tatu zilizopita wifi yangu, mke wa kaka yangu, aliletwa anatapika, tumbo limevimba, wakampasua wakakuta matumbo yameshikana kwa sababu ya kovu la upasuaji wa zamani, daktari akakaa masaa matatu anayatenganisha. Nikalichukua faili mwenyewe, nikasema huyu ni wa kwetu, nimmalizie haraka. Laiti ningemwachia mwenzangu.

Kutenganisha matumbo kuna masharti yake, kama daktari alikuwa anapita tu kwenda kutoa kitu kingine bima haiilipi kazi hiyo peke yake, lakini hapa ndiyo ilikuwa kazi yenyewe, kwa hiyo fomu inauliza ule upasuaji wa zamani ulikuwa wa nini. Wifi siku zote ametuambia alitolewa kidole tumbo kabla hajaolewa. Sasa nasoma ripoti, naona: "Kidole tumbo kipo, hakina tatizo. Mrija wa uzazi wa kushoto haupo, ulishaondolewa." Nilisoma mara tatu mpaka chai ikapoa.

Mshauri, hawa wana miaka sita ya ndoa bila mtoto, na kaka amejitwisha lawama zote, amepimwa mara mbili akaambiwa yuko sawa lakini anasema madaktari wanamfariji tu, wajomba wanamtania mbele za watu naye anacheka. Nikaenda wodini. Wifi hakubisha. Alisema, "Ilikuwa mimba, wifi, ilitunga nje ya kizazi ikapasuka, kaka yako nilikuwa hata simjui. Andika kidole tumbo, nakuomba." Akanishika mkono, nikaandika.

Bima wamerudisha fomu na muhuri juu: maelezo hayalingani na ripoti. Msimamizi wangu anataka jibu Ijumaa, nisipojibu bili inaenda kwa mwenye kadi, yaani kaka, na nikirekebisha nakala inamfikia vilevile. Jana alimleta wifi kusafishwa kidonda, akanikuta kwenye ngazi akaniuliza, "Dada, hivi kidole tumbo ndicho kimemletea yote haya?" Nikamwambia nina haraka. Nikisema ukweli namvunjia nyumba, nikinyamaza nazeeka nikimwona anajilaumu. Nifanye nini?

Karani Aliyechoka

*

Karani, pole. Umechoka kweli, hata nukta umesahau kuweka. Lakini nusu ya mzigo huu umejitwisha mwenyewe, kwa hiyo acha nikuseme kidogo.

Ulifuata nini kwenye faili la ndugu yako? Ulitaka kumsaidia, sawa, na ulitaka kuchungulia pia, usinidanganye. Halafu ukaandika uongo kwenye karatasi ya hospitali. Hebu fikiri siku tumbo hilo likiuma tena upande wa kulia, daktari mgeni asome kwamba kidole tumbo kilishatolewa, aache kukitafuta. Siku hiyo hutazungumzia ndoa, utazungumzia mazishi ya wifi yako.

Kesho asubuhi, kabla hujatua hata mkoba, nenda kwa msimamizi, mwambie mgonjwa ni wifi yako na ulikosea kwa makusudi. Utakaripiwa, pengine utapewa na barua ya onyo. Ipokee. Faili apewe mwenzako, aandike alichoandika daktari.

Ukitoka hapo nenda kwa wifi, na usiende kama hakimu. Mimba ya kabla ya ndoa hakumkosea nayo kaka yako. Alichokosea ni kumwacha ajilaumu miaka sita. Na wewe acha kujifanya daktari: mwenye mrija mmoja anaweza kushika mimba, na wengi wamezaa. Hujui kwa nini hawajapata mtoto, unadhani tu. Mwambie wifi kwamba nakala itafika nyumbani, na ni heri mumewe asikie kutoka kinywani mwake kuliko kwenye bahasha. Akiogopa, amwombe daktari wake awaite wote wawili na kuwaeleza pamoja.

Siri hiyo si yako, usiitoe. Kaka akikuuliza tena, usikimbilie kusema una haraka. Mwambie, "Muulize mkeo, mimi siruhusiwi kusema." Atakununia, nawe utavumilia.

Lakini kuna jambo ambalo halikuhitaji faili wala ruhusa ya mtu. Kaka yako amechekwa miaka sita nawe ukiwa umekaa hapo hapo. Wajomba wakianza tena, wanyamazishe, na yeye asikie kwamba ni wewe.