Neno Tulilolifumua Nusu

Chumba cha Ushonaji,
Nyuma ya Duka la Viatu.
Jumapili, 9 Machi

Mpendwa mdogo wangu Kitinda,

Salamu nyingi. U hali gani huko mbali, na kifua chako kimepoa? Mimi ni mzima wa mwili. Mengine usiniulize.

Nguo za watu zimenilalia. Jana mwenye suruali ya kijivu alichungulia dirishani: "Fundi, hiyo suruali unaishona au unailea?" Nikacheka kidogo kwa heshima yake, akaenda zake.

Umeuliza kama uendelee kutuma yale maneno marefu ya Kijerumani unayoyaokota mtandaoni. Unajua marehemu shemeji yako alivyoyapenda. Mimi nashona, yeye anapiga pasi, simu imeegemea kopo la vifungo. Sheria yake ilikuwa moja: simu tuiulize maana ya kipande kimoja kimoja, neno zima tulibuni wenyewe. "Mke wangu, tunafumua mshono, hatuchani nguo." Ngao na chura vilitupa kobe. Mkono na kiatu vikatupa glavu. Alicheka hadi akaunguza kola ya mtu.

Neno lako la mwisho, Fingerhut, tulilifumua nusu. Kidole tulikipata. Akasema amechoka, kipande cha pili tutakiuliza asubuhi. Asubuhi hakuamka.

Tangu hapo nikawa nabuni tu. Nikasema pete. Nikasema kucha, nikasema bendeji. Niliona nikiliacha nusu, bado tuna kazi ya pamoja mimi na yeye. Juzi uvumilivu ukanishinda, nikaiuliza simu. Kofia.

Kofia ya kidole. Nikatazama mkono wangu: ni subana, ile ya chuma ninayoivaa kusukumia sindano. Nilikuwa nayo kidoleni muda wote nikibuni. Nikageukia upande wa pasi nimwambie. Pasi imepoa, hakuna mtu.

Basi usinitumie mengine, mdogo wangu. Sijakukasirikia. Kufumua kunataka wa kushika upande wa pili wa kitambaa, nami sina.

Nisalimie mumeo, na mkwe wako mpishi. Gauni la binti yako limebaki upindo tu. Likija na vidoa vyekundu, mniwie radhi. Subana siivai tena.

Mungu awafunike nyote, asiwapunguze.

Ni mimi dada yako nikupendaye,
Sindano