Maneno Kumi ya Rabson

Soweto, Mbeya
Jumatano, 11 Machi

Baba mpendwa,

Kamwene. Nakuamkia wewe pamoja na mama, shikamooni. Natumaini mguu wa mama umepungua uvimbe na kwamba ukungu wa huko Igowole haujaharibu viazi. Sisi huku tu wazima. Shangazi Bertha ana mafua kidogo kwa sababu mvua haijakatika tangu Jumapili, lakini bado anashona kutwa nzima.

Najua utashangaa kupata barua wakati juzi tu tulizungumza kwa simu. Baba, unajua kwenye simu mimi husema ndiyo na hapana, halafu nampa shangazi. Nikiandika ninaweza. Shangazi ataibeba keshokutwa akija kwenye kikao cha Jumamosi, na hajui kilichomo.

Ameniambia kwamba siku hiyo ukoo utasaini malalamiko juu ya mwalimu Masumbuko, kwamba ndiye aliyemsukuma kaka Rabson kwenye raga, na Jumatatu utayapeleka kwa ofisa elimu ili asifundishe tena. Ameniambia umesema kwamba mwalimu alichukua kijana wako mzima akakurudishia gofu. Naomba usome barua hii mpaka mwisho kabla hujashika kalamu.

Nilipokuja Krismasi nilimwona kaka Rabson alivyo. Ana miaka ishirini na mbili, lakini hutembea akishika ukuta. Mwanga wa jua kwenye bati unamuumiza, kwa hiyo hushinda ghalani na magunia. Siku moja aliniuliza mara nne kama nimeshafanya mtihani wa kidato cha pili. Mara ya nne mama alitoka nje kwenda kulia. Mimi nilibaki nikamjibu tena kwamba nimefanya, na akanipongeza tena.

Nakumbuka siku alipoleta nyumbani mpira wa raga kwa mara ya kwanza. Ulicheka ukamwambia kwamba huo si mpira, ni papai, na kwamba mtu mzima hawezi kukimbizana na papai. Mwalimu Masumbuko alikuja kukueleza kwamba mabega kama ya kaka, yaliyozoea kubeba mbao msituni kila likizo, hayajaonekana shuleni kwake kwa miaka mingi. Alikueleza pia kwamba ni mchezo wa kuumizana, hakukuficha. Wewe ulisema mbao nazo zinaumiza. Kisha kaka akaitwa timu ya taifa ya vijana, akaenda Nairobi, na akiwa na miaka kumi na tisa akapata mkataba Afrika Kusini. Ulikata picha yake gazetini ukaibandika juu ya redio. Kanisani watu walikuamkia kwa kukuita baba Rabson, hata wale waliozoea kukuita mzee Kalinga.

Kazi ya kaka uwanjani ilikuwa kuwaangusha watu. Aliniambia kwamba kwa mechi moja anaweza kuangusha kumi na tano, na kila mmoja ni kama gunia la viazi linalokuja mbio. Alinitania kwamba mimi naogopa hata jogoo, nisiangalie. Niliangalia mechi zake zote kwenye simu ya shangazi, nikiwa nimefumba jicho moja.

Mwaka jana mwezi wa Juni aligongwa kichwani akazimia kidogo. Hilo mlilijua, na yeye mwenyewe aliwaambia kwamba amepumzishwa na yuko sawa. Jambo ambalo hamkulijua ni hili. Kule, mchezaji aliyegongwa kichwa harudi uwanjani mpaka daktari amuulize maswali. Anasomewa maneno kumi ayarudie, kisha baada ya dakika tano ayarudie tena. Anataja miezi kuanzia Desemba kurudi nyuma. Asipoweza, anakaa nje. Mkataba wa kaka ulikuwa unaisha mwezi uliofuata, na kijana mwingine alikuwa ameshaletwa kwenye nafasi yake.

Alinipigia simu akasema hawezi kushika maneno. Akisikia la tano, la kwanza limeshatoka. Lakini alisema orodha ziko sita tu na hurudiwa, na rafiki yake amempa picha za karatasi hizo. Akasema mimi ndiye mwalimu wake sasa, kwa sababu darasani kwetu hakuna anayenishinda kukariri.

Baba, nilifurahi. Hilo ndilo ninaloona aibu kuliko yote. Hakuna mtu aliyewahi kunihitaji namna ile. Kwetu sisi mtihani ni kitu cha kufaulu, na anayekusaidia kukariri ni mtu mwema. Wewe mwenyewe ulinikaririsha katekisimu mpaka Padri akanipa rozari. Sikufikiri hata mara moja kwamba kuna mtihani ambao kufeli kwake ndiyo dawa.

Nilikuwa nimesoma katika kitabu kimoja cha maktaba namna ya kuweka maneno njiani: unaitembea kichwani njia unayoijua, na kila mahali unaacha neno moja. Nikamfundisha. Tulianza mlangoni kwetu mpaka kanisani: kijiko kwenye jiko la mama, mshumaa kwenye mti wa mparachichi, farasi kwa fundi baiskeli, blanketi kwenye ngazi za kanisa. Kila nilipotoka shule nilikaa nyuma ya cherehani na simu ya shangazi, tukarudia orodha moja baada ya nyingine, siku tisa. Shangazi alidhani kaka ananifundisha Kiingereza.

Siku ya saba alitaja maneno yote kumi bila kukosea. Nikamuuliza amekula nini mchana, basi tu kwa mazungumzo. Hakujua. Halafu akaniuliza kwa nini namfokea, wakati nilikuwa nanong'ona. Nililiona jambo hilo, Baba. Nililiona nikaendelea na orodha iliyofuata.

Kesho yake mwalimu Masumbuko alinipigia simu. Alikuwa amezungumza na kaka na hakuipenda sauti yake. Alikuwa amemsihi akae nje miezi miwili, hata mkataba ukipotea, na kaka alimcheka kwamba amezeeka. Mwalimu akaniuliza mimi, kwa kuwa naongea naye kila siku, kama kaka yuko sawa kichwani. Alisema nikimwambia hayuko sawa, yeye mwenyewe atampigia daktari wa klabu siku hiyo hiyo.

Nilimwambia yuko sawa kabisa.

Kaka alipata maneno kumi kwa kumi. Daktari alimpa mkono. Jumamosi yake akacheza, na dakika ya thelathini akagongwa tena, wala halikuwa pigo kubwa. Aliinuka, akatembea kuelekea upande wa wapinzani kama anayekwenda kwao, akaanguka. Yaliyobaki unayajua kwa sababu ulikwenda kumpokea uwanja wa ndege wa Songwe.

Yale maneno mnayomsikia akiyasema peke yake ghalani, ambayo baba mdogo anasema ni mizimu, ni yangu mimi. Nilimsikia Krismasi. Anayataja yote kwa mpangilio, kutoka mlangoni mpaka kanisani, na ukimwambia aende kanisani hajui aanzie wapi.

Mwalimu Masumbuko hakumsukuma. Yeye ndiye mtu pekee aliyeuliza. Nadhani mpaka leo hajasema kwamba alinipigia, kwa sababu anajua mimi ni mtoto wako na hataki kukuongezea uchungu.

Naomba uisome barua hii kwenye kikao, mbele ya ukoo na mbele ya mwalimu mwenyewe. Ukiona huwezi kuitamka, mwambie shangazi anipigie kwa simu ya jirani, nitapanda basi la asubuhi nije niisome mwenyewe. Najua sijawahi kusimama mbele ya watu, hata kusoma somo kanisani nilikataa. Kwa hili nitasimama. Na kama baada ya hapo hutataka nirudi shule, nitakaa nyumbani nimwangalie kaka, na sitalalamika.

Msalimie mama na umwambie namwombea mguu. Msalimie baba mdogo na majirani wote wa karibu na kisima. Kaka Rabson msalimie pia, hata kama itabidi kumwambia mara nne nani amemsalimu.

Binti yako mwenye majuto,
Damari Kalinga
Kidato cha Tatu